Emeric Pressburger: Mkimbizi wa Hungary aliyewaandikia Waingereza filamu zao
Na Mwandishi Wetu

MACHI 1943, Vita Kuu ya Pili ya Dunia ikiwa katika kilele chake, tuzo ya Oscar ya hadithi bora ya filamu ilitangazwa mjini Los Angeles kwa jina la mwandishi aliyekuwa akiishi London. Mwandishi huyo hakuwa Mwingereza. Alikuwa Myahudi mzaliwa wa Hungary, nchi iliyokuwa ikipigana upande wa Ujerumani, na kwa mujibu wa sheria za wakati wa vita alihesabika kuwa mgeni kutoka nchi adui.

Filamu iliyomletea tuzo hiyo, 49th Parallel, ilitengenezwa kwa msaada wa fedha za Wizara ya Habari ya Uingereza, na lengo lake lilikuwa kuwavuta Wamarekani waingie vitani. Serikali iliyomwekea masharti ya wageni kwa mkono mmoja ndiyo iliyomkabidhi kazi ya kuitetea kwa mkono wa pili.

Mtu huyo ni Emeric Pressburger. Wapo wapenzi wengi wa sinema za zamani wanaoijua The Red Shoes, filamu ya mcheza baleti na viatu vyake vyekundu, lakini ukiwauliza nani aliiandika watabaki kimya. Desturi ya sinema ndivyo ilivyo: filamu ikipendwa, sifa humwendea mwongozaji na waigizaji, naye mwandishi huachwa barazani. Kwa Pressburger dhuluma hiyo ni kubwa zaidi, kwa kuwa yeye na mwenzake, Michael Powell, walifanya jambo ambalo halikuwa la kawaida kabisa katika biashara hiyo. Walikataa kugawanya sifa.

Mji uliohamishwa nchi

Alizaliwa Desemba 5, 1902 mjini Miskolc, kaskazini mashariki mwa Hungary, wakati huo ikiwa sehemu ya himaya ya Austria na Hungary. Wazazi wake walimwita Imre József. Baba yake, Kálmán, alikuwa msimamizi wa mashamba makubwa ya matajiri, kazi iliyoifanya familia iishi vizuri ingawa ardhi haikuwa yao.

Kijana huyo alipelekwa shule ya bweni katika mji wa Temesvár, ambako alionekana kuwa hodari wa hesabu, fasihi na kupiga fidla. Vita Kuu ya Kwanza ilipomalizika, Hungary ilipoteza takriban theluthi mbili ya ardhi yake kwa mkataba wa Trianon wa mwaka 1920, na Temesvár ikawa mali ya Romania. Mtoto wa Hungary alijikuta amesoma katika mji wa nchi nyingine, pasipo yeye wala mji wenyewe kusogea hata hatua moja.

Alikwenda Prague na baadaye Stuttgart kusomea hesabu na uhandisi. Masomo hayo hayakufika mwisho. Baba yake alifariki dunia, fedha zikakatika, na mwaka 1926 kijana huyo aliingia Berlin akiwa hana kitu mfukoni.

Miaka ya kwanza ya Berlin ilikuwa ya dhiki tupu. Zilikuwapo siku ambazo hakuwa na mahali pa kulala, naye alijikimu kwa kuandika habari na hadithi fupi na kuzituma magazetini. Alikuwa akiandika kwa Kijerumani, lugha isiyo ya mama yake, na wahariri walikuwa wakizirudisha. Hata hivyo, hakukata tamaa, na mwishoni mwa miaka ya 1920 alipata nafasi katika UFA, kampuni kubwa kuliko zote za sinema nchini Ujerumani.

Hapo ndipo alipojifunza kazi. Mwaka 1930 alishirikiana na mwandishi Irma von Cube kuandika Abschied, iliyoongozwa na Robert Siodmak, filamu ya mapenzi inayotokea yote ndani ya nyumba ya wapangaji. Mwaka uliofuata aliandika pamoja na Erich Kästner, mtunzi maarufu wa vitabu vya watoto, filamu fupi ya kwanza ya Max Ophüls. Siodmak na Ophüls wote wawili walikuja kuwa waongozaji wa kuheshimika duniani. Pressburger, ambaye sasa alijiita Emmerich kwa matamshi ya Kijerumani, alikuwa ameingia katika kundi la vijana waliotazamiwa kuishika sinema ya Ulaya.

Januari 1933 Adolf Hitler alishika madaraka. Miezi miwili baadaye UFA ilianza kuwafukuza wafanyakazi wake Wayahudi. Pressburger aliondoka Berlin kwenda Paris, na inasimuliwa kwamba aliacha ufunguo mlangoni mwa chumba chake ili askari wa Kinazi watakapokuja wasipate taabu ya kuvunja mlango. Mzaha huo mchungu unamfafanua mtu huyu vizuri kuliko kurasa nyingi za wasifu.

Paris haikumpa riziki ya kutosha, ingawa alifanya kazi tena na Siodmak katika filamu ya La Vie parisienne. Mwaka 1935 alivuka bahari na kuingia Uingereza akiwa mtu asiye na uraia wa nchi yoyote, na akaanza upya tena, safari hii kwa Kiingereza. Mwandishi aliyebadilisha lugha ya kazi mara moja katika maisha yake huhesabiwa kuwa jasiri. Pressburger, hadi kufikia umri wa miaka 33, alikuwa ametoka katika Kihungari, akapita Kijerumani na Kifaransa, na sasa alikuwa akijifunza lugha ambayo angeiandikia kazi zake zote kubwa.

Katika mji huo mgeni alijipatia pia timu ya mpira. Muda mfupi baada ya kuwasili alianza kuishabikia Arsenal, ambayo katika miaka hiyo ilikuwa ikitawala ligi ya Uingereza, na aliendelea kuwa mshabiki wake.

Kikaratasi mfukoni

London ilikuwa na Mhungari mwingine aliyetangulia. Alexander Korda, mtayarishaji tajiri na mwenye mbwembwe, alikuwa ameifanya kampuni yake ya London Films kuwa kimbilio la wasanii waliokimbia Ulaya ya kati. Wasomaji wa Afrika Mashariki wana sababu ya kumkumbuka: filamu yake Sanders of the River ya mwaka 1935, iliyoutukuza utawala wa wakoloni, ilimtumia kama mwigizaji wa nafasi ndogo kijana Mkikuyu aliyekuwa akisoma London, Jomo Kenyatta, ambaye baadaye alikuwa Rais wa kwanza wa Kenya.

Korda alimpa Pressburger mkataba. Mwaka 1938 akawa na kazi isiyomwendea vizuri. Alikuwa amenunua riwaya ya kijasusi, The Spy in Black, ili imfae mwigizaji wa Kijerumani Conrad Veidt, lakini muswada ulioandikwa haukuwa na nafasi ya maana ya Veidt. Aliitisha kikao, na mwongozaji kijana Mwingereza, Michael Powell, akawa miongoni mwa walioalikwa.

Powell aliandika baadaye katika kumbukumbu zake jinsi Mhungari mfupi mwenye miwani alivyotoa kikaratasi kilichoviringwa na kuanza kusoma mapendekezo yake. Alikuwa ameipindua hadithi nzima. Mwanamume wa kitabuni alikuwa amemgeuza mwanamke, mambo yaliyofanyika amebadilisha mpangilio wake, na nahodha wa nyambizi ya Kijerumani sasa alikuwa ndiye mhusika mkuu, mtu mwenye heshima anayestahili kuhurumiwa. Mwandishi wa muswada wa awali alikuwa humo humo kikaoni. Powell, kwa maelezo yake mwenyewe, alitambua papo hapo kwamba mtu wa namna hiyo hapaswi kuachiwa aende zake.

The Spy in Black iliingia katika majumba ya sinema Agosti 1939, majuma machache kabla ya vita kutangazwa. Uingereza iliyokuwa ikichimba mahandaki iliingia sinema kumtazama Mjerumani mwenye utu, na ikaipenda.

Kisha ikaja 49th Parallel ya mwaka 1941. Mabaharia wa nyambizi ya Kijerumani wanakwama Canada na kujaribu kuvuka nchi hiyo kubwa ili waifikie Marekani, ambayo wakati huo haikuwa vitani. Njiani wanakutana na watu wa kila aina: mwindaji, jamii ya wakulima wacha Mungu wenye asili ya Kijerumani, msomi anayejificha msituni na vitabu vyake. Mmoja wa mabaharia, aliyekuwa mwoka mikate kabla ya vita, anatamani kubaki na wale wakulima awaokee mikate. Wenzake wanamhukumu na kumpiga risasi.

Filamu ya propaganda ilihitaji Wajerumani waovu tu. Pressburger aliweka mmoja mwema kati yao, kisha akaonyesha ni nani waliomuua. Mambo hayo mawili yalisema mengi kuhusu Unazi kuliko hotuba za mawaziri.

Mishale kwenye shabaha

Kuanzia One of Our Aircraft Is Missing ya mwaka 1942, Powell na Pressburger walianza kutumia maneno yaliyowashangaza wenzao: kwamba filamu imeandikwa, imetayarishwa na imeongozwa na wote wawili. Baadaye kampuni yao ikaitwa The Archers, yaani Wapiga Mishale, na alama yake ilikuwa shabaha ya duara iliyochomwa mishale.

Ukweli wa kazi ulikuwa na mgawanyo wake. Pressburger ndiye aliyebuni hadithi na kuandika rasimu ya kwanza. Powell aliichukua, akaigusa hapa na pale, hasa mazungumzo, akairudisha. Hawakuwa na mazoea ya kukaa chumba kimoja wakiandika. Karatasi ndizo zilizosafiri kati yao. Kamera zilipoanza kazi, Powell ndiye aliyetoa amri, huku Pressburger akishughulikia fedha, mikataba na matatizo ya utayarishaji, na filamu ilipofika kwa mhariri na mtunzi wa muziki alikuwapo tena. Malipo waligawana sawa kwa sawa. Mwaka 1942, katika barua kwa mwigizaji Wendy Hiller, Pressburger aliweka kanuni zao kwa maandishi, na moja ya maana kubwa ya kanuni hizo ni kwamba filamu zao zisingemtii yeyote isipokuwa dhamiri zao, na lawama zote wangezibeba wenyewe.

Haikuwachukua muda kuzibeba.

Churchill akasirika

Wazo la The Life and Death of Colonel Blimp lilitokana na kipande kilichokatwa. Katika One of Our Aircraft Is Missing mlikuwa na mazungumzo mafupi kati ya mzee na kijana, na David Lean, ambaye wakati huo alikuwa mhariri na hajawa mwongozaji mashuhuri, aliona hayaifai filamu hiyo ila yanaweza kuwa filamu kamili. Pressburger alilichukua wazo hilo na kulijengea maisha mazima.

Jina la Blimp lilitoka katika vibonzo vya David Low, mchoraji wa gazeti la Evening Standard, ambaye alikuwa amemfanya kanali huyo mnene mwenye masharubu kuwa alama ya ujinga wa wakubwa wa jeshi. Waingereza walitarajia kumcheka. Filamu inaanza kwa kuwaachia wacheke, halafu inarudi nyuma hadi mwaka 1902, mwaka aliozaliwa Pressburger mwenyewe, na kumwonyesha mzee huyo alipokuwa kijana mtanashati aliyetoka katika Vita vya Makaburu.

Ofisa huyo, Clive Candy, anakwenda Berlin, anaudhi jeshi zima la Ujerumani na kulazimika kupigana kwa upanga na ofisa asiyemjua, Theo Kretschmar-Schuldorff. Wanajeruhiana, wanalazwa hospitali moja, na wanakuwa marafiki wa kufa na kuzikana. Theo anamuoa mwanamke ambaye Candy anagundua, akiwa amechelewa, kwamba alimpenda. Deborah Kerr, akiwa bado binti wa miaka 20 na ushei, aliigiza wanawake watatu wa nyakati tatu, kana kwamba Candy anamtafuta mtu mmoja maisha yake yote.

Kitovu cha filamu hiyo, hata hivyo, ni Theo. Vita vya pili vinapoanza anaonekana mzee, amesimama mbele ya maofisa wa Uingereza akiomba asihesabiwe kuwa adui. Anaeleza kwamba mkewe Mwingereza amekufa, kwamba wanawe wamekuwa Wanazi wema, na kwamba ameikumbuka nchi ya mkewe. Kamera inamtazama kwa utulivu bila kukata, bila muziki. Anton Walbrook, aliyeigiza nafasi hiyo, alikuwa mwenyewe mkimbizi kutoka Vienna. Aliyeandika maneno hayo alikuwa ameketi katika viti vya namna ile ile, mbele ya maofisa wa namna ile ile. Hakuna mahali pengine katika filamu zake zote alipojifichua kiasi hicho.

Ni Theo huyo huyo anayemwambia rafiki yake kwamba dhidi ya Unazi vita haviwezi kupiganwa kwa kanuni za waungwana. Somo lenyewe lilikuwa lile serikali ilitaka kulisikia. Tatizo lilikuwa limetoka katika kinywa cha Mjerumani.

Waziri wa Vita, James Grigg, aliupinga mradi huo tangu ulipokuwa katika karatasi. Waziri Mkuu Winston Churchill alitaka usimamishwe, akiona utaliharibia jeshi moyo. Laurence Olivier, aliyekusudiwa kumwigiza Candy, hakuruhusiwa kutoka jeshini, na nafasi ikaenda kwa Roger Livesey, ambaye leo ni vigumu kumfikiria mwingine mahali pake. Waziri wa Habari, Brendan Bracken, alimjibu Churchill kwamba wizara haikuwa na mamlaka ya kuizuia filamu ambayo watengenezaji wake waliigharimia wenyewe, na kuyachukua mamlaka hayo kungekuwa hatari kuliko filamu yenyewe.

Filamu ilifunguliwa London Juni 1943. Serikali ilichelewesha kuipeleka nje ya nchi kwa miezi kadhaa, na uvumi wa hasira za Churchill ukawa tangazo bora kuliko lolote ambalo lingelipiwa. Foleni zilikuwa ndefu. Ughaibuni ilionyeshwa ikiwa imekatwakatwa, na ilibidi kusubiri miaka 40, hadi 1983, ndipo ilipounganishwa tena kwa urefu wake wa dakika 163.

Tarehe hizo zinastahili kutazamwa kwa makini. Pressburger alimwandika Theo wakati mama yake angali hai. Machi 1944 jeshi la Ujerumani liliikalia Hungary, na kati ya Mei na Julai mwaka huo Wayahudi zaidi ya 430,000 walisafirishwa kutoka nchi hiyo, wengi wao hadi Auschwitz. Mama yake Pressburger alikuwa miongoni mwa waliouawa huko, pamoja na ndugu zake wengine. Mwana alikuwa salama London, akitengeneza filamu.

Hakumfuta Theo baada ya hapo. Wala hakuwafukuza Wajerumani waliokuwa karibu naye. Alfred Junge aliyebuni mandhari za filamu zao, Hein Heckroth aliyemrithi, Erwin Hillier aliyeshika kamera katika filamu mbili, wote hao walikuwa na asili ya Ujerumani, na The Archers iliendelea kuwa nyumba yao.

Miaka ya neema

Kilichofuata ni mfululizo ambao sinema ya Uingereza haijaupata tena. A Canterbury Tale ya 1944 haikueleweka ilipotoka. I Know Where I'm Going! ya 1945, hadithi ya binti anayekwenda kuolewa na tajiri kisiwani Scotland na kuzuiwa na dhoruba, Pressburger aliiandika kwa muda usiozidi juma moja, kwa kuwa kamera za rangi walizozihitaji kwa filamu nyingine zilikuwa zikitumiwa na jeshi.

Filamu hiyo nyingine ilikuwa A Matter of Life and Death. Wizara ya Habari ilikuwa imewaomba kitu cha kupoza uhusiano kati ya Waingereza na Wamarekani, waliokuwa wamechokana vitani. Pressburger akaja na rubani, aliyeigizwa na David Niven, anayeruka kutoka ndegeni bila mwavuli na kupona kwa makosa ya malaika, kisha anashitakiwa mbinguni ili arudishwe kwa wafu. Duniani kuna rangi; mbinguni ni nyeusi na nyeupe. Ngazi ya umeme ya kupandia ahera ilikuwa na vidato 106 na iliundwa na wahandisi wa shirika la usafiri la London. Novemba 1946 filamu hiyo ikachaguliwa kuwa ya kwanza kabisa kuonyeshwa katika hafla maalumu ya filamu mbele ya Mfalme na Malkia. Mwaka huo huo Pressburger alipewa uraia wa Uingereza.

Mwaka 1947 ikaja Black Narcissus, kisa cha watawa katika milima ya Himalaya. India hawakufika, milima yote ilichorwa na kujengwa Uingereza, na bado ikatwaa tuzo mbili za Oscar, moja ya picha na moja ya mandhari.

The Red Shoes ilikuwa na historia ndefu zaidi. Pressburger alikuwa ameiandika miaka ya 1930 kwa ajili ya Korda, kutokana na ngano ya Hans Christian Andersen, na ikakaa kabatini. Yeye na Powell waliununua muswada, wakamtafuta mcheza baleti wa kweli, Moira Shearer, na katikati ya filamu wakaweka onyesho la baleti la takriban dakika 17 lisilo na neno hata moja. Kwa mwandishi kuyaacha maneno yake yanyamaze kwa muda wote huo kunahitaji kujiamini.

Wakubwa wa kampuni ya J. Arthur Rank, tajiri wa unga wa ngano aliyekuwa akiwagharimia, waliitazama filamu hiyo na kuondoka ukumbini bila kusema lolote. Waliona hasara. Waliiachia bila shamrashamra, lakini jumba moja dogo la New York, Bijou, liliionyesha kwa majuma 107 mfululizo. Ilipata Oscar mbili, ya muziki na ya mandhari, na Pressburger aliteuliwa kwa hadithi yake. Ushirikiano na Rank, hata hivyo, ulikuwa umevunjika.

Kalamu bila kamera

Walirudi kwa Korda, na mambo hayakuwa yale. Mtayarishaji Mmarekani David Selznick aliwapeleka mahakamani kwa sababu ya Gone to Earth. The Tales of Hoffmann ya 1951 ilikuwa kazi ya fahari, lakini zilizofuata zilionyesha uchovu. Pressburger alijaribu kuongoza peke yake mara moja tu, mwaka 1953, katika Twice Upon a Time iliyotokana na kitabu cha rafiki yake wa Berlin, Kästner, nayo ikapita kimya kimya. The Battle of the River Plate ya 1956 iliuza vizuri. Ill Met by Moonlight ya 1957 ikawa ya mwisho kwa The Archers. Waliachana bila ugomvi, na urafiki ukabaki.

Akageukia riwaya. Killing a Mouse on Sunday ya 1961 iligeuzwa filamu na Fred Zinnemann, Behold a Pale Horse, akiwamo Gregory Peck, Anthony Quinn na Omar Sharif.

Ya pili, The Glass Pearls ya 1966, ndiyo inayotisha. Inamhusu mrekebishaji mpole wa sauti za piano wa London, mpangaji mwenye adabu, anayependa muziki. Polepole msomaji anafahamu kwamba ni daktari wa Kinazi aliyefanya majaribio kwa wafungwa wa kambi, naye anajificha. Mwandishi ambaye mama yake aliuawa Auschwitz alimpa mkimbizi huyo mapenzi yake mwenyewe ya muziki na upweke wake mwenyewe wa nyumba za kupanga, kisha akamlazimisha msomaji kuogopa pamoja naye kila mlango unapogongwa. Theo alikuwa Mjerumani mwema aliyestahili hifadhi. Huyu hakustahili, na bado Pressburger aliingia ndani ya ngozi yake. Mwaka 1966 kitabu hicho hakikupata wasomaji. Kilichapishwa upya baada ya kifo chake, na toleo la mwaka 2022 lilikifikisha kwa watu wasiokuwa wamezaliwa kilipotoka mara ya kwanza.

Alifanya kazi na Powell mara mbili tena, They're a Weird Mob ya Australia mwaka 1966, aliyoiandika kwa jina bandia la Richard Imrie, na filamu ya watoto The Boy Who Turned Yellow mwaka 1972. Kisha akajitenga katika nyumba ndogo kijijini Aspall, mkoa wa Suffolk. Ndoa zake mbili zilikuwa zimevunjika. Alikuwa msiri, mwenye utani mwingi na huzuni za ghafla, mpenzi wa mapishi ya Kifaransa.

Kilichomtoa katika usahaulifu kilitoka Marekani. Martin Scorsese na Francis Ford Coppola walikuwa wamekua wakizitazama filamu za The Archers, na walipopata majina walianza kuzisemea. Mwaka 1981 chuo cha filamu na televisheni cha Uingereza, BAFTA, kiliwapa Powell na Pressburger heshima yake ya juu, na mwaka 1983 taasisi ya filamu ya nchi hiyo, BFI, ikafanya vivyo hivyo. Wawili hao walipokea pamoja, kama walivyozoea.

Wajukuu wake wawili wamefuata kazi hiyo. Andrew Macdonald ni mtayarishaji, na Kevin Macdonald, mwongozaji, aliandika wasifu wa babu yake mwaka 1994. Kevin ndiye aliyepeleka kamera Uganda kupiga The Last King of Scotland, filamu ya mwaka 2006 kuhusu Idi Amin iliyompatia Forest Whitaker tuzo ya Oscar, na Andrew alikuwa mmoja wa watayarishaji wake wakuu.

Emeric Pressburger alifariki dunia Februari 5, 1988 katika nyumba ya kutunzia wazee huko Saxtead, Suffolk, kutokana na matatizo ya nimonia, akiwa na umri wa miaka 85. Alizikwa Aspall, katika makaburi ya kanisa la Kianglikana la kijiji hicho. Kaburi lake ndilo pekee hapo lenye Nyota ya Daudi.